Jinsi ya kuacha video za ngono: mwongozo kamili kwa aliyeapa mara nyingi na bado anarudi

Mtu anaetaka kuacha kuangalia video za ngono kawaida anaanza hivi: anamaliza kuangalia, anajichukia, anafuta kila kitu kwenye simu, anaapa hii ndo ya mwisho kabisa, alafu siku nne tano mbele yuko pale pale. Anajiambia ana roho dhaifu, au ana pepo, au imani yake ndogo. Kwa maoni yangu shida kubwa mara nyingi ipo kwenye muda. Kiapo kinatolewa dakika ambayo hamu imeshaisha, na hapo kuapa ni rahisi kama kunywa maji, wakati mapambano yenyewe anayaanza video ikiwa imeshafunguka, muda ambao karibu hakuna mtu anashinda. Pa kushindia ni ile saa moja kabla, na sehemu kubwa ya mwongozo huu inahusu hiyo saa.

Naandika kwa wanaume na wanawake. Dada zetu wengi wanalo tatizo hili na wananyamaza kuliko wanaume, kwa sababu kila ushauri wanaoukuta umeandikwa kana kwamba hawapo.

Kwanza, ni uraibu au ni kitu kinachokukera tu?

Shirika la Afya Duniani, WHO, kwenye orodha yake ya magonjwa toleo la 11 iliyoanza kutumika Januari 2022, lina tatizo la mtu kushindwa kudhibiti tabia zake za ngono, namba 6C72. Wameliweka fungu la matatizo ya kushindwa kuzuia msukumo, sio fungu moja na pombe na kamari. Wamarekani nao walipotoa kitabu chao cha magonjwa ya akili mwaka 2013, DSM-5, waliletewa pendekezo la namna hiyo wakaliacha nje. Wataalamu bado wanabishana liwekwe kapu gani, ila wewe unaeteseka ubishi huo usikucheleweshe.

Cha kujiuliza ni hivi. Umejaribu kupunguza au kuacha mara kadhaa ukashindwa? Kazi, masomo, usingizi, ndoa au afya vimeanza kuliwa na hii kitu na bado unaendelea? Unaangalia hata siku ambazo hupati raha yoyote, unamaliza tu kwa sababu umeshaanza? Na hali hii imekaa miezi 6 au zaidi? Ukijibu ndiyo kwa hayo, una tatizo linalostahili kufanyiwa kazi. Idadi ya siku kwa wiki peke yake haiamui, kuna anaeangalia mara moja kwa wiki ila mara hiyo moja inakula usiku mzima na kesho yake kazini haonekani.

Alafu kuna jambo watu wengi hawaambiwi: WHO wanasema wazi kwamba kama kinachokuumiza ni hatia ya kimaadili peke yake, yaani unaangalia mara chache, unaweza kujizuia, maisha yako yanaenda vizuri ila unajiona mchafu, hiyo haitoshi kuitwa ugonjwa. Hapo una mgongano kati ya unachoamini na unachofanya. Bado una haki ya kuacha, na hatua nyingi hapa chini zitakufaa, ila usijibebeshe jina la mraibu bure, maana mtu akishajiita hivyo huanza kujiona hana uwezo hata pale anapouweza.

Kama huna uhakika, fanya jaribio la wiki mbili. Jiambie huangalii kabisa kwa wiki mbili, bila kubadilisha kitu kingine. Ukimaliza bila tabu sana, vizuri. Ukijikuta siku ya tatu unatafuta visingizio (nafungua tu nione kama bado ipo), umeshapata jibu.

Kichwani kunatokea nini

Miaka ya 1990 mwanasayansi Wolfram Schultz alikuwa anapima seli za ubongo za nyani zinazotoa dopamini, kemikali inayosukuma hamu ya kutafuta kitu. Nyani wakipewa juisi bila kutarajia, seli zinalipuka. Wakishazoea kwamba kuna ishara fulani inatangulia juisi, seli zinaanza kulipuka kwenye ishara, na juisi ikija zinakuwa kimya tu. Na ishara ikitokea alafu juisi isije, zinashuka chini ya kawaida yake. Soma tena hapo. Msukumo mkubwa unakuja kwenye ishara, kabla ya kitu chenyewe. Ndo maana mtu anatumia saa nzima kutafuta video na dakika tatu kuiangalia, ndo maana ukibaki peke yako nyumbani moyo unaanza kwenda mbio hata hujagusa simu. Kubaki peke yako kumeshakuwa ishara.

Cha pili ni upya. Madume ya wanyama wengi wakishachoka na jike mmoja, ukimleta mwingine hamu inarudi kama vile hawakufanya kitu. Kwenye intaneti huyo "mwingine" haishi, kidole kimoja tu na yuko mpya, kwaiyo ile hali ya kutosheka inayotakiwa kukusimamisha inachelewa kufika. Na wengi hapo ndo wanajikuta wanahamia kwenye vitu ambavyo mwanzoni viliwachukiza.

Cha tatu, na kwangu hiki ndo kizito kuliko vyote, ni kukimbia hisia. Upweke, hasira, uchovu, kuogopa mtihani, kudharauliwa kazini. Video inazima kelele hizo kwa dakika ishirini. Hiyo ni dawa ya maumivu inayofanya kazi kweli, ndo maana ni ngumu kuiacha bila kuweka kitu kingine hapo.

Utakutana na watu wanasema ubongo wako umeshaharibika. Mwaka 2014 watafiti wa Berlin walipiga picha ubongo wa wanaume 64, wakakuta wanaoangalia saa nyingi zaidi kwa wiki wana sehemu fulani ya ubongo inayohusika na malipo ambayo ni ndogo kidogo. Ila utafiti ule ulikuwa wa mara moja, hauwezi kusema kama video ndo zimeipunguza au watu wenye ubongo wa namna hiyo ndo wanaopenda video zaidi. Kwaiyo vitisho vya ubongo kuoza viache.

Hatua ya 1: wiki moja ya kuandika, bila kujaribu kuacha

Najua inaonekana ya ajabu, mtu amekuja kuacha unamwambia asubiri. Fanya tu. Chukua daftari dogo, au noti ya simu ukiipa jina la kawaida, na kila ukiangalia au ukipata hamu kali andika: saa ngapi, ulikuwa wapi, nani alikuwepo, nini kilitokea masaa mawili nyuma, ulikuwa unajisikiaje, kitu cha kwanza ulichogusa kilikuwa nini. Usiandike uliangalia nini, haisaidii na inakurudisha.

Mfano wa jinsi mstari mmoja unavyofunguka. Jumanne saa 5 usiku. Bosi alinisema mbele ya watu mchana. Nimekula nimechelewa, nikalala na simu kitandani, nikawa naangalia video fupi za kuchekesha. Ikaja moja ya mdada anacheza. Sikuipita, nikaangalia mara mbili, basi ile programu ikaniletea nyingine tano za namna hiyo. Kwenye komenti kulikuwa na linki ya grupu la Telegram. Nikajiambia nachungulia tu nione ni watu wa aina gani. Saa 8 usiku nikaweka simu chini.

Mwenye daftari hili akiulizwa aliteleza wapi atasema kwenye linki. Lakini pitia kwa kurudi nyuma: kabla ya linki kuna komenti, kabla ya komenti kuna ile video ya kucheza aliyoirudia, kabla yake kuna simu kitandani, kabla ya simu kuna hasira ya mchana ambayo hakumwambia mtu. Kwenye linki alihitaji nguvu za ajabu. Kwenye simu kitandani angehitaji chaja iliyoko sebuleni.

Baada ya siku saba utaona mambo yako yanajirudia, watu wengi wanakuta wana njia mbili au tatu tu za kuanguka. Saa fulani, mahali fulani, hisia fulani. Hizo ndo utazifanyia kazi, achana na zingine zote.

Hatua ya 2: sema unaacha nini hasa

"Naacha mambo mabaya" haifai, ni pana mno na kichwa kitapata mlango. Andika sentensi moja. Kwa mfano: siangalii video wala picha za ngono, sisomi hadithi za kikubwa, siingii kwenye chati za ngono na watu nisiowajua. Alafu ongeza orodha ya vitu vinavyokupeleka huko japo vyenyewe sio ngono, mfano kurasa fulani za mitindo au kuskroli video fupi baada ya saa 4 usiku.

Punyeto amua mwenyewe. Kuna anaeona kwa imani yake haifai na kuna asieona shida, sitaingia kwenye mzozo huo. Ninachoweza kusema ni kwamba kwa wengi viwili hivi vimeshonana, wakifanya kimoja kingine kinakuja, kwaiyo miezi ya mwanzo wanaviacha vyote. Daftari litakwambia kama na wewe uko hivyo.

Hatua ya 3: simu

Hii ifanye mchana, umeshiba, umetulia, na ikiwezekana mtu mwingine yupo chumba cha pili.

Futa ulichohifadhi, chote, pamoja na kile kifurushi kilichofichwa kwenye folda yenye jina la masomo. Usikifungue kuhakiki. Toka kwenye magrupu, futa akaunti ya pili uliyoitengeneza kwa kazi hii, toa VPN (programu ya kukwepa vizuizi vya mtandao) kama uliiweka kwa ajili hiyo tu. Kisha weka kizuizi. Kwenye Android toleo la 9 kuendelea nenda kwenye setingi za mtandao, tafuta Private DNS, chagua sehemu ya kuandika jina mwenyewe, andika family.cloudflare-dns.com, hifadhi. Ni bure, na tovuti nyingi za ngono hazitafunguka iwe unatumia data au WiFi. Kwenye iPhone ingia Screen Time, sehemu ya vizuizi vya maudhui, chagua kuzuia tovuti za watu wazima, ukishafanya hivyo Safari, kivinjari cha iPhone, inakunyima hata ile kurasa ya siri isiyoacha historia. Google nako washa SafeSearch, kichujio chake cha matokeo ya ngono. Paswedi ya Screen Time asiiweke mwingine ila mtu unaemwamini, na asikwambie hata ukimwomba kwa machozi.

Sasa ujue mipaka yake. Kizuizi cha namna hii kinazuia majina ya tovuti, hakioni kilichomo ndani ya Telegram au X au ndani ya chati, kwaiyo kama njia yako inapita huko dawa ni kuitoa programu yenyewe kwenye simu, angalau kwa miezi mitatu, ukihitaji fungua kwenye kompyuta sebuleni. Na ndiyo, unaweza kukizima mwenyewe ukitaka. Kazi yake ni kukuchelewesha dakika mbili, na kwa hesabu ya hamu dakika mbili ni nyingi sana, kuna watu zinawatosha kabisa kugeuka.

Kuliko kizuizi chochote, simu isilale chumbani. Nimewaona watu wanaweka programu nne za ulinzi alafu wanalala na simu chini ya mto, nashindwa kuelewa. Nunua saa ya mezani ya kengele, chaja ihamie sebuleni au jikoni, simu iingie chaji saa 4 usiku na isirudi mpaka asubuhi. Bafuni na chooni pia haiingii. Kama mnaishi chumba kimoja wengi, iweke mbali kiasi kwamba lazima uinuke na kuwasha taa.

Hatua ya 4: panga jibu mapema

Mwanasaikolojia Peter Gollwitzer aliandika mwaka 1999 kuhusu mipango ya "ikitokea hivi, nitafanya hivi", kwamba inamsaidia mtu kutekeleza kuliko nia ya jumla jumla. Faida yake ni kwamba uamuzi unafanyika ukiwa na akili zako, wakati wenyewe ukifika unatekeleza tu. Chukua zile njia zako mbili tatu na kila moja iandikie jibu lake:

- Nikibaki peke yangu nyumbani Jumamosi mchana, ndani ya dakika kumi navaa viatu natoka.
- Video ikinifanya nirudie kuiangalia, naifunga programu yote na naiweka simu kwenye chumba nisichokuwepo.
- Nikigombana na mtu kazini, kabla sijafika nyumbani nampigia fulani.
- Nikishtuka usiku na hamu, nakaa kitako, nawasha taa, nakunywa maji.

Ziwe za mwili, viatu, taa, maji, kupiga simu. "Nitajizuia" sio mpango, na "nitawaza mambo mazuri" ndo kabisa haimo.

Hatua ya 5: hamu ikishafika

Mwaka 1987 Daniel Wegner aliwaambia watu wasifikirie dubu mweupe, wapige kengele kila wakimfikiria. Walimfikiria, na baadae waliporuhusiwa walimfikiria zaidi kuliko ambao hawakukatazwa mwanzo. Kwaiyo kule kukaza meno na kusema sitaki sitaki sitaki kunaweza kuikuza hamu yenyewe.

Alan Marlatt, aliyefanya kazi miaka mingi na walevi, alifundisha njia nyingine, kwamba hamu ina tabia ya mawimbi: inapanda, inafika kileleni, inashuka yenyewe usipoilisha. Mara nyingi ni suala la dakika, ishirini thelathini hivi, japo ukiwa ndani yake unaamini haitaisha mpaka uifuate. Unafanya hivi. Weka simu mbali, kaa au simama, na uitafute hamu iko wapi kwenye mwili. Kifuani? Tumboni? Mikono ina joto? Pumua taratibu na uiangalie sehemu hiyo bila kuisukuma, ipe namba kutoka 1 hadi 10. Baada ya dakika tano ipe namba tena. Inaweza kupanda kutoka 6 hadi 8, usiogope, endelea. Ikianza kushuka inuka ufanye kitu cha mikono, osha vyombo, fua, fagia. Mara ya kwanza ni ngumu na unajiona mjinga umekaa unajihoji tumbo, ila kila ukiliacha wimbi lipite bila kulilisha unaufundisha ubongo kwamba ishara imekuja na malipo hayakuja, na ishara inapoteza makali pole pole.

Na kabla ya yote hayo jiulize harakaharaka, nina njaa? nina hasira? niko mpweke? nimechoka? Inashangaza mara ngapi jibu sahihi ni kulala.

Hatua ya 6: mtu mmoja ajue

Hapa ndo wengi wanaruka hatua, wanasema nitaacha kimya kimya, hakuna haja mtu ajue. Siri ndo inayolea tabia hii. Ukiwa na siri kila ukiteleza unajificha zaidi, upweke unaongezeka, na upweke ndo uliokuwa unakupeleka huko.

Chagua mtu asiepayuka, asiekucheka, na ambae hatashtuka mpaka uanze kumbembeleza yeye. Anaweza kuwa rafiki wa siku nyingi, kaka mkubwa, shangazi, kiongozi wa dini mwenye busara, au mtaalamu. Maneno sio lazima yawe marefu: "Kaka, kuna kitu kinanisumbua muda mrefu na nimechoka kukibeba peke yangu. Naangalia video za ngono na nimeshindwa kuacha. Sihitaji unitatulie, nahitaji tu nikizidiwa usiku nikutumie ujumbe, na kila Jumapili uniulize wiki imeendaje." Hapo unakuwa umemwambia shida, umemwambia afanye nini, na umempunguzia mzigo wa kutafuta suluhisho.

Mwenza wako ni habari nyingine. Akija kugundua mwenyewe anaumia mara mbili, kwa kitu chenyewe na kwa kufichwa, kwaiyo kwenye ndoa nyingi kusema ni bora, lakini usiseme usiku wa manane, usiseme katikati ya ugomvi, na usimwage orodha ya ulichoangalia maana picha hizo zitabaki kichwani mwake. "Mke wangu, kuna jambo nimekuficha na sitaki kuendelea kukuficha. Limeanza kabla hatujaoana, sio kwa sababu ya mwili wako wala kitu ulichokosa kunipa. Hizi ndo hatua nimeanza kuchukua." Alafu nyamaza. Akilia, akikasirika, akitaka siku mbili za kutoongea, ni haki yake, usimharakishe akusamehe. Na usimfanye askari wa kukagua simu kila jioni, hiyo kazi inaharibu mapenzi haraka kuliko video zenyewe. Mkaguzi awe mtu mwingine.

Na wewe uliyeambiwa: hukusababisha hili na huwezi kulitibu kwa kujipamba au kukubali vitu usivyovitaka kitandani. Tafuta na wewe wa kuongea nae.

Hatua ya 7: ile nafasi iliyobaki wazi

Ukiondoa masaa kumi kwa wiki ya kitu chochote, yanabaki masaa kumi. Usingizi wa kutosha kwanza, mwili uliochoka hauna breki. Mazoezi, hata kutembea kwa miguu nusu saa. Na watu, watu wa ana kwa ana, kwaya, timu, darasa, kujitolea, chochote chenye siku maalumu ambapo usipotokea mtu atakuuliza ulikuwa wapi. Siandiki zaidi hapa kwa sababu kila mtu anajua anachokipenda, ila hatua hii ikikosekana zile sita za juu zinageuka ulinzi wa nyumba tupu.

Wiki za mwanzo zinakuwaje

Wengine wanakosa usingizi, wanakuwa na hasira za karibu, ndoto za ajabu, arosto inayokuja kwa vipindi. Wengine hamu ya tendo inapotea kabisa kwa wiki kadhaa wanaogopa wameharibika, na mara nyingi inarudi. Wengine hawasikii kitu. Usijipime kwa hadithi za watu wanaosema siku ya 30 walipata sauti nzito na macho ya simba, huko ni kuuziana ndoto.

Zile siku 90 ambazo mtandaoni husemwa zinatosha kuacha nazo hazina uchawi wowote. Chuo cha University College London, UCL, kilifuatilia watu 96 wanaojenga tabia mpya ndogo ndogo, matokeo yakatoka 2009, wastani ilichukua siku 66 lakini tofauti ilianzia 18 mpaka 254. Zile zilikuwa tabia nyepesi kama kunywa maji na kufanya mazoezi. Jipe mwaka, usijipe mwezi. Jambo zuri kwenye utafiti ule, kukosa siku moja hakukuharibu ujenzi wa tabia.

Ukiteleza

Marlatt huyo huyo aliona kwamba kinachomwangusha mtu kabisa sio mara ya kwanza aliyoteleza, ni anachojiambia baada ya hapo. "Si nimeshaharibu, basi ngoja nimalizie wiki, nitaanza upya Jumatatu." Mteremko wa dakika kumi unageuka wiki mbili. Kwaiyo panga saa ya kwanza baada ya kuteleza kama ulivyopanga mengine: funga, oga, toka chumbani, mtumie yule mtu wako ujumbe wa maneno manne ("nimeteleza, nipo sawa"), kesho yake asubuhi andika kwenye daftari ile njia ilivyopita na ubadilishe kitu kimoja tu. Kimoja. Chaja ihame, programu itoke, ratiba ya Jumamosi ibadilike.

Ndo maana mimi sipendi vihesabu vya siku mfululizo. Mtu yuko siku ya 47, anateleza mara moja, kihesabu kinasoma sifuri, na yeye anaamini yuko sifuri. Hesabu siku safi kati ya 30 zilizopita. Mwezi uliopita 17, mwezi huu 26, huo ni ukweli unaoonyesha unakoelekea.

Mambo ya kumpelekea mtaalamu

Nguvu za kiume zikikusumbua ukiwa na mwenza, usihitimishe mwenyewe kwamba ni video. Inawezekana zinachangia, ila kisukari, presha, baadhi ya dawa, msongo na hofu ya kushindwa navyo vinaleta hali hiyo hiyo, na wakati mwingine ndo dalili ya kwanza ya ugonjwa wa moyo au mishipa. Pima kwanza. Wanaokuuzia unga na vidonge mtandaoni bila kukupima wanataka hela yako.

Kama umejaribu hatua hizi miezi mitatu minne bila kusogea, au chini yake kuna sonona, wasiwasi uliopitiliza, au mambo uliyofanyiwa utotoni, tafuta mwanasaikolojia au mshauri nasaha. Tiba ya mazungumzo ya kubadili fikra na tabia inatumika sana, na kuna nyingine inayofundisha kuikubali hamu bila kuitii. Mwaka 2016 watafiti wa Marekani waliijaribu kwa wanaume 28 kwa vikao 12 na uangaliaji ukashuka sana ukilinganisha na waliokuwa bado wanasubiri zamu. Daktari wa akili anaweza pia kukupa dawa hasa kama kuna sonona. Vipo na vikundi vya waathirika wenyewe, kama Sex Addicts Anonymous kilichoanza 1977, vinakutana hata kwa simu na mtandaoni na hakuna anaekuuliza jina kamili.

Mambo matatu hayasubiri miezi mitatu. Ukianza kuwaza kujiua, nenda hospitali au kwa mtu leo hii, usikae peke yako. Ukijikuta unavutwa na picha za ngono za watoto, acha hapo hapo na umtafute mtaalamu kabla hujafanya lolote, maana ni jinai, kila picha ni mtoto aliyeumizwa kweli, na zipo huduma za siri za kumsaidia mtu asifike huko. Na kama mtu ana picha zako za utupu anakutisha atazisambaza, usimlipe, anaelipwa mara moja hurudi. Piga picha za skrini za vitisho vyote na akaunti yake, kata mawasiliano, ripoti kwenye huo mtandao na polisi, na mwambie mtu mzima mmoja usiku huo huo.

Kikao cha kwanza na mshauri usipoteze nusu saa kuzungukazunguka kuhusu msongo wa kazi. Mwambie moja kwa moja, nimekuja kwa sababu ya video za ngono, naangalia hivi, nimejaribu hivi na hivi. Muulize amewahi kusaidia watu wa tatizo hili na huwa anafanyaje. Akicheka, akakuhubiria saa nzima, au akakwambia oa tu itaisha, lipa ada yake, mshukuru, tafuta mwingine.